Gabriel Kyungu wa Kumwanza: Mbunge na Maneno Yake

Mbunge hana jembe wala nyundo. Chombo chake ni neno. Mchimba madini wa Kolwezi hupimwa kwa mawe aliyoyatoa ardhini, mwalimu kwa watoto aliowafundisha, mwendesha gari la moshi kwa abiria aliowafikisha salama. Mbunge naye hana budi kupimwa kwa maneno aliyoyatamka, na kwa mambo yaliyowapata watu kwa sababu ya maneno hayo. Kwa kipimo hicho twapenda kuyatazama maisha ya marehemu Gabriel Kyungu wa Kumwanza, aliyezaliwa mwaka 1938 na kufariki mjini Luanda, Angola, tarehe 21 Agosti 2021. Jina lake lajulikana katika nchi yote ya shaba, kutoka Lubumbashi na Likasi mpaka Kolwezi na Dilolo.

Tangu afe, watu humsimulia kwa namna mbili. Wa kwanza husema: huyu ni shujaa, mmoja wa wale wabunge 13 waliothubutu kumwambia Mobutu ukweli. Wa pili husema: huyu ndiye gavana ambaye siku zake Wakasai walifukuzwa katika nyumba zao. Kila upande huchukua nusu ya maisha yake na kuitupa nusu nyingine. Sisi twaona kwamba kufanya hivyo ni kulipoteza fundisho lenyewe. Mtu alikuwa mmoja, na kipawa chake kilikuwa kimoja: alijua kumtaja mkosaji mbele ya watu. Yafaa tuulize basi: alimtaja nani, alimtaja mahali gani, na ni nani aliyelipa gharama ya maneno hayo?

Barua ya mwaka 1980

Tuanze na jambo jema, kwa maana haki yadai hivyo. Katika miaka ile nchi iliitwa Zaïre, na chama kilikuwa kimoja tu, MPR, ambacho kila raia alihesabiwa kuwa mwanachama wake tangu kuzaliwa. Bunge lilikuwapo, lakini kwa muda mrefu kazi yake ilikuwa kupiga makofi. Baada ya vita ya Shaba ya mwaka 1977 Mobutu alikubali uchaguzi uliokuwa na uhuru kidogo kuliko zamani, na katika Baraza la Kutunga Sheria wakaingia watu waliochukua kazi yao kwa uzito. Wakaanza kuwahoji mawaziri juu ya fedha za serikali. Mwezi wa Julai 1979 askari waliwaua wachimba almasi huko Katekelayi, katika Kasai, na baadhi ya wabunge wakadai uchunguzi. Mambo kama hayo hayakuwa yamezoewa.

Kisha, mwezi wa Novemba 1980, wabunge 13 walimwandikia Mobutu mwenyewe barua ya kurasa 52. Kyungu alikuwa mmoja wao. Walieleza historia ya utawala wake tangu alipoipindua serikali mwaka 1965, wakaonyesha jinsi nchi tajiri ilivyofanywa maskini, na hawakumtupia lawama karani au waziri mdogo. Walimwambia mwenye mamlaka kwamba ubaya watoka kwake na katika utawala aliouunda.

Ndugu msomaji, izingatie barua hiyo kama kazi ya maneno, maana twaihitaji baadaye kwa kulinganisha. Kwanza, iliandikwa, kila neno laweza kusomwa tena na kukaguliwa. Pili, ilitiwa sahihi. Hakuna aliyejificha nyuma ya kundi. Tatu, ilipelekwa kwa yule yule aliyeshtakiwa, naye alikuwa na nguvu zote za kujibu. Nne, gharama yake iliwaangukia walioiandika. Walivuliwa viti vyao, wakakamatwa, wakahamishwa kwa nguvu kwenda kukaa mbali vijijini. Tena tusisahau jambo la tano: watu wa Kasai, kama Étienne Tshisekedi, na watu wa Katanga, kama Kyungu, waliweka majina yao katika karatasi moja. Mwezi wa Februari 1982 kutoka kundi hilo kikazaliwa chama cha UDPS. Anayetaka kujua mbunge ni mtu wa namna gani, na asome habari za barua hiyo.

Kidonda cha zamani

Ili kufahamu yaliyofuata lazima turudi nyuma. Wakasai hawakuingia Katanga usiku kwa siri. Waliletwa. Union Minière ilihitaji watu kwa migodi yake, na nchi ya kusini ilikuwa na wakazi wachache. Tangu miaka ya 1920 kampuni iliamua kuajiri watu wakae miaka mingi pamoja na wake na watoto wao, ikawatafuta hasa Kasai, Lomami na Ruanda-Urundi. Mwaka 1928 reli ya B.C.K. ilifika Port-Francqui, ambayo sasa ni Ilebo, na njia ikawa nyepesi. Kolwezi yenyewe ni mji wa kampuni: uliinuka mwishoni mwa miaka ya 1930 kwa ajili ya migodi ya magharibi. Katika kambi za Musonoi na nyinginezo watu wa makabila mengi waliishi ukuta kwa ukuta, na Kiswahili kikawa lugha yao wote.

Lakini chini ya ujirani huo palikuwa na uchungu. Wakasai wengi walikuwa wamesoma mapema, wakapata kazi za ukarani, ualimu na ufundi. Katika uchaguzi wa manispaa wa mwaka 1957 huko Elisabethville, watu waliozaliwa nje ya Katanga walishinda. Mwaka uliofuata ikaundwa Conakat, chama cha Godefroid Munongo na Moïse Tshombe, kuwatetea waliojiita wenyeji halisi. Tarehe 11 Julai 1960 Tshombe akatangaza kwamba Katanga imejitenga. Wakati wa utengano huo Wakasai wengi walifukuzwa mara ya kwanza. Mambo yakaishia Kolwezi, ambako Tshombe alikuwa na ngome yake ya mwisho mpaka majeshi ya Umoja wa Mataifa yalipoingia mwezi wa Januari 1963.

Twasema haya ili tusimtwike mtu mmoja mzigo wa wengi. Kyungu hakukianzisha kidonda hiki, alikikuta. Lakini mganga akikuta kidonda hukisafisha na kukifunga. Mwanasiasa aliyekuwa na umri wa miaka ipatayo 22 Katanga ilipojitenga hakuweza kusema kwamba hakujua maneno ya namna ile huzaa nini.

Maneno ya mkutanoni

Mwezi wa Aprili 1990 Mobutu aliruhusu vyama vingi. Kyungu hakurudi UDPS. Alikwenda pamoja na Jean Nguza Karl-i-Bond, mzaliwa wa Musumba, katika chama cha UFERI, kilichotaka majimbo yajitawale. Mwanzoni UFERI na UDPS zilishirikiana dhidi ya Mobutu. Lakini mwezi wa Novemba 1991 Nguza alikubali kuwa waziri mkuu wa Mobutu, na Kyungu akawa gavana wa Shaba, kama jimbo la Katanga lilivyoitwa wakati huo. Umoja wa wapinzani ukavunjika, na waliokuwa wameweka sahihi pamoja mwaka 1980 wakawa maadui.

Tangu hapo neno lake lilibadilika. Katika mikutano ya hadhara gavana alifundisha kwamba Mkatanga ni maskini kwa sababu Mkasai amekalia kazi zake na nyumba zake. Wakasai wakaitwa "bilulu", yaani wadudu. Vijana wa chama, waliojulikana kama JUFERI, wakalichukua neno hilo mitaani. Tarehe 15 Agosti 1992 Baraza Kuu la Taifa huko Kinshasa lilimchagua Tshisekedi, mtu wa Kasai, kuwa waziri mkuu mahali pa Nguza. Wengine walishangilia, wengine wakakasirika, na huko Likasi nyumba zikachomwa, watu wakauawa, maelfu wakakimbilia stesheni.

Mwezi wa Machi 1993 zamu ya Kolwezi ikafika. Makumi ya maelfu ya watu walitolewa katika kambi za Gécamines na mitaa ya mji. Walikaa katika stesheni na shule, wakingoja magari ya moshi ambayo yalikuwa machache na mabovu. Wengi, hasa watoto, walikufa kwa maradhi na njaa, wengine wakifa ndani ya mabehewa njiani kwenda Mwene-Ditu na Kananga. Kati yao walikuwapo watu ambao baba zao na wao wenyewe walizaliwa Katanga, wasiopata kuiona Kasai hata siku moja. Katika Shaba yote waliofukuzwa wahesabiwa kwa mamia ya maelfu. Watetezi wa haki za binadamu waliochunguza habari hizo mwaka 1993 waliyataja waziwazi maneno ya gavana kuwa kichocheo.

Sasa tulinganishe. Mwaka 1980 aliandika. Mwaka 1992 alipaza sauti mkutanoni, ambako neno hupokewa kwa kelele wala hakuna anayelikagua. Mwaka 1980 mshtakiwa alikuwa na jina na mamlaka. Mwaka 1992 mshtakiwa alikuwa umati usio na jina, ndani yake mkiwa muuguzi, fundi wa reli, mjane muuza unga, mtoto wa shule. Mobutu aliweza kujibu, naye alijibu kwa gereza. Mjane wa Kolwezi angejibuje, na kwenye jukwaa gani? Mwaka 1980 walioumia ni wasemaji wenyewe. Mwaka 1993 msemaji alibaki katika nyumba ya gavana, na walioumia ni wasikilizwao na hakuna. Hapo ndipo tunapouona ubovu wa maneno yale. Ujasiri haukuwa umemwishia Kyungu, wala ufasaha haukumpungukia. Alichokiacha ni ile desturi ya bunge ambayo ndiyo roho yake: kwamba asiyekuwapo asishtakiwe, na anayeshtakiwa apewe nafasi ya kusema.

Je, malalamiko hayakuwa ya kweli?

Wako watakaotujibu: ninyi mwasahau kwamba Wakatanga walikuwa na haki ya kulalamika. Hatusahau. Utajiri wa shaba ulikuwa ukienda Kinshasa kwa miaka mingi, na barabara za Lualaba zikabaki vumbi. Kudai kwamba jimbo lipate sehemu ya mali yake ni neno la haki, na wengi wasio Wakatanga walikubali hivyo. Kupenda majimbo yajitawale si dhambi ya siasa. Ni shauri la kujadiliwa bungeni kwa hoja na hesabu.

Lakini hebu tufanye hesabu hiyo. Katikati ya miaka ya 1980 Gécamines ilikuwa ikitoa zaidi ya tani 400,000 za shaba kwa mwaka. Mwezi wa Septemba 1990 sehemu ya mgodi wa Kamoto, hapo hapo Kolwezi, iliporomoka. Mwaka 1991 yakatokea maasi ya askari na uporaji, na mafundi wengi wa kigeni wakaondoka. Mashine zilikuwa zimechakaa kwa sababu fedha za kuzitengeneza zilikuwa zimeliwa na utawala. Kampuni ilikuwa yaanguka tayari, na aliyekula fedha hizo hakuwa jirani wa Kikasai aliyekuwa akipanga foleni ileile ya unga. Mwaka 1994, Wakasai wakiwa wamekwisha kuondolewa, Gécamines ilitoa tani 30,000 na ushei tu. Kazi zilizodhaniwa kwamba zingebaki wazi kwa wenyeji zilikufa pamoja na kampuni, na ufundi mwingi ukaondoka na waliofukuzwa. Miaka kumi baadaye, mwaka 2003, wafanyakazi wapatao 10,000 wa Gécamines waliachishwa kazi kwa mpango uliolipiwa na Benki ya Dunia. Safari hiyo hakuna aliyeulizwa kabila lake.

Tena wako wasemao kwamba Mobutu ndiye aliyewachonganisha watu ili Tshisekedi asipate nguvu. Yawezekana sana, kwani ugomvi wa Katanga na Kasai ulimfaa yeye kuliko mtu yeyote. Lakini neno hilo halimsafishi Kyungu, lamwongezea uzito. Yule aliyeijua hila ya mtawala vizuri kiasi cha kuiandika katika kurasa 52 ndiye aliyepaswa kuitambua wa kwanza ilipomjia mlangoni.

Miaka ya uzee

Mwezi wa Desemba 1993 Kyungu na Nguza walitangaza kwamba Katanga inajitawala katika mambo yake ya ndani. Mwaka 1995 gavana akaondolewa. Hakutoweka. Aliunda chama chake, UNAFEC, na toka mwaka 2007 alikuwa spika wa Bunge la Jimbo la Katanga kwa miaka mingi, akiwa upande wa Rais Joseph Kabila. Mwaka 2015 chama chake kikaingia katika kundi la G7 lililomwacha Kabila, na mwaka 2016 kundi hilo likaungana na mzee Tshisekedi. Hivyo wenzi wa mwaka 1980 walikutana tena uzeeni upande mmoja, baada ya yote yaliyopita kati yao. Mwanawe Tshisekedi, Félix, alipokuwa rais, Kyungu aliwekwa kuwa mwenyekiti wa baraza la utawala la SNCC, kampuni ya reli. Cheo hicho ndicho alichokufa nacho.

Wengine wakisoma haya hucheka, wengine hukasirika: mtu ambaye siku zake reli ilikuwa njia ya waliofukuzwa, kupewa reli aiangalie! Sisi hatutaki kucheka. Twaona ndani yake jambo la kufikiri. Wakubwa wa siasa waliweza kupatana. Walikutana, wakapeana mikono, wakagawana vyeo. Lakini upatanisho wa wakubwa haukumrudishia nyumba yake yule aliyeiacha katika mtaa wa Kolwezi mwaka 1993, wala haukuwafufua watoto waliozikwa kando ya reli. Maji yakimwagika hayazoleki. Mwanasiasa aweza kubadili upande mara tano katika maisha yake. Yule aliyepigwa na neno lake hana upande wa kuhamia.

Tunaloulizwa leo

Kwa nini kuyasema haya sasa, mzee akiwa amekwisha kuzikwa? Kwa sababu Kolwezi imejaa tena. Tangu mwaka 2015 ni makao makuu ya jimbo la Lualaba, na dunia nzima yaitazama kwa ajili ya kobalti inayotengenezea betri za magari ya umeme. Watu waja kutoka kila upande, Kasai ikiwamo, wakichimba kwa mikono na kuuza sokoni. Migodi mikubwa i mikononi mwa makampuni ya nje, vijana wenyeji wengi hawana kazi, na swali la zamani lasikika tena katika vilabu vya pombe na katika mabasi: nani mwenyeji na nani wa kuja? Hata katika Bunge la Taifa, mwaka 2021, uliletwa mswada uliotaka urais uwe kwa mtu ambaye baba na mama yake wote ni Wakongo. Tusidhani basi kwamba habari za mwaka 1993 ni za kale.

Watakuja wagombea, kama walivyokuja kabla ya uchaguzi wa Desemba 2023. Wengi wao watakuwa na ufasaha, na baadhi watakuwa wamewahi kuteswa kwa ajili ya ukweli. Tuwaheshimu kwa mateso yao, lakini tusifikiri kwamba aliyewahi kusema kweli mbele ya mwenye nguvu amepata ruhusa ya kusema lolote mbele ya wanyonge. Mgombea akisema kwamba kazi zimepotea, tumwombe ataje mkataba, kampuni na hesabu. Akimtaja jirani wa kambi yetu badala ya hivyo, tujue kwamba ameshindwa kumtaja mwenye kosa, au ameogopa.

Barua ya mwaka 1980 yaendelea kuwa heshima ya Kyungu wa Kumwanza, na hakuna mwenye haki ya kumnyang'anya. Yaliyotokea katika stesheni ya Kolwezi nayo ni sehemu ya habari zake, wala hakuna mwenye haki ya kuyafuta. Vijana wa Lualaba wanaotaka siku moja kuketi bungeni wafundishwe mambo hayo mawili pamoja, wasipewe moja bila jingine.